Konzi za Mtaa wa Juu

Jumamosi, 10 Oktoba 1959

Nimerudi na kapu la mchele wa kanisa. Mgongo unaniuma, lakini limejaa. Nyumba kumi na nane, makopo kumi na nane. Macho yangu yanasema ni debe moja na robo. Mtaa wa chini watakoma!

Marehemu mume wangu alikuwa akisema nalipenda kapu hili kuliko yeye. Nilikuwa namjibu kwamba kapu halikoromi.

Leo nimemkemea yule bibi harusi wa nyumba ya bomba la maji. Nimemkuta anachota konzi ya Bwana kwanza, halafu ndipo anapima mchele wa chungu. Eti ni ile ile. Si ile ile hata kidogo! Unapima kwanza chakula cha watu wako, halafu unatoa konzi moja humohumo ulimopima. Asubuhi konzi, jioni konzi. Ukichota kabla ya kupima umetoa cha ghalani. Ukichota baada ya kupima umetoa cha mdomoni. Mama yangu alinifundisha hivyo, naye hakujua a wala be. Yeye na wenzake saba ndio walioanza konzi kijiji hiki, na mabati yaliyo juu ya kanisa yametoka kwenye vyungu vyao.

Kopo la Rokhumi lilikuwa na mchele wa kufunika kitako tu. Nikamwambia palepale mlangoni, wenzake wakisikia: Vipi wewe, mumeo Lianhnuna amekwenda mjini Silchar na mkono wako? Au ni uvivu wa kupika kwa sababu mume hayupo? Wakacheka. Naye akacheka. Akalifuta kopo kwa upindo wa nguo yake, akalirudisha ndani.

Jumapili, 11 Oktoba

Wa kwanza tena! Mzee Thangkima alisoma kwa ile sauti yake ya puani — mtaa wa juu, debe moja na robo — nikainamisha kichwa nisionekane natabasamu. Huu mwaka wa tatu hatujashindwa. Mungu anisamehe, lakini ni raha.

Tulikuwa tumeomba Bi Hmingliani, mwenyekiti wetu wa Umoja wa Wanawake, asimame mwenyewe kutangaza mkutano. Wazee wa kanisa wakasema aandike kwenye karatasi, wao watasoma. Karatasi ikasomwa vibaya, siku ikakosewa. Tulipotoka mlangoni mtu mmoja akalirusha lile neno la zamani: neno la mwanamke si neno, nyama ya kaa si nyama. Walicheka kama wamelisikia leo. Mimi nilikuwa na furaha ya debe langu, sikujali.

Jumatano, 14 Oktoba

Hrangchhuana, mwanangu, amerudi kutoka shambani mchana. Hakula. Amekaa anautazama moto.

Panya wamepita. Mteremko mzima wa mpunga umebaki mabua. Jana ulikuwepo, leo haupo. Mianzi ilipochanua maua wazee walisema panya watafuata, nasi tukasema wazee wanapenda kutisha.

Nimekwenda ghalani na Zairemi, mkwe wangu. Mpunga wa mwaka jana utatufikisha Februari tusipokuwa walafi. Tuna bahati. Wapo ambao ghala lao ni sakafu tupu, lakini huwezi kuwajua, maana moshi unatoka kila paa. Na moshi si ushahidi — nguruwe nao hupikiwa.

Jumamosi, 17 Oktoba

Kapu limepungua leo. Si sana. Nilitarajia.

Lakini Rokhumi! Kopo lake limejaa pomoni, mpaka mchele ukamwagika nilipolipokea. Nimemsifu kwa sauti, kina mama wote wa safu ile wasikie. Nikasema mwigeni huyu, mume hayupo, ana watoto wawili, na tazameni. Hakunitazama. Nikadhani ni haya.

Nilipokuwa nikiupepeta nyumbani nikaona kitu. Punje za juu, zilizotoka kwa Rokhumi mwishoni, zina mstari mwekundu ubavuni. Mchele wa mstari mwekundu ni wetu. Mbegu yake mume wangu aliileta mwenyewe kutoka milima ya magharibi, ndani ya soksi, na hakuna mwingine kijijini anayeupanda.

Jumapili, 18 Oktoba

Wa kwanza tena, debe moja kasoro kidogo. Sikufurahi. Nilikuwa nawaza mistari myekundu wakati wa sala.

Na jambo jingine. Kopo letu wenyewe, kopo la nyumba ya mwenye kapu, jana lilikuwa nusu. Tuko sita, tunapika mara mbili kwa siku. Nusu!

Jumatatu, 19 Oktoba

Nimekaa karibu na jiko kutwa nzima nikijifanya nashona. Zairemi akapima mchele, akatoa konzi, akaitia kwenye kopo la Bwana. Konzi nene, ya mkono mzima. Jioni vivyo hivyo. Basi inakwenda wapi?

Nimewaza mambo mabaya. Nimemwazia Rokhumi kwamba anaingia kwetu tukiwa kisimani. Nimemwazia mkwe wangu kwamba anauza. Siandiki yote. Yamenitoka moyoni, lakini karatasi haina haja ya kuyajua.

Jumanne, 20 Oktoba

Nimemuuliza Zairemi asubuhi. Nilianza kwa upole nikamaliza kwa ukali, ndivyo nilivyo. Nikamwambia anamwibia Mungu ndani ya nyumba yangu.

Aliendelea kuosha vyombo. Alipomaliza akakausha mikono, akakaa, akanieleza taratibu kama anayemweleza mtoto. Jumatatu ya wiki iliyopita Rokhumi alikuja na kopo lake tupu. Akaomba akopeshwe konzi za Bwana tu, za wiki moja. Zairemi akampa kibaba kizima cha mchele, akapike. Hakupika. Alikitia chote kwenye kopo. Zairemi akaongeza tena, safari hii kutoka kopo letu, kwa kuwa aliogopa kuingia ghalani bila ruhusa yangu. Nacho kikaenda koponi.

Kwa hiyo mchele wa Bwana umetoka kopo letu, ukaenda kopo la Rokhumi, ukaingia kapuni kwangu. Umezunguka mtaa mzima bila kupita mdomoni mwa mtu! Ningecheka, kama si jambo lenyewe.

Nikauliza, wao wanakula nini?

"Ndiga, mama, viazi vya porini," akasema Zairemi. "Tangu mwezi wa tisa. Na angekuwa anakupa kitako cha kopo mpaka leo, kama usingemwambia maneno yale mbele za watu."

Mkwe wangu hajawahi kuniambia neno gumu tangu aolewe. Hili nalo hakulisema kwa ugumu. Ndiyo maana limeingia.

Jumatano, 21 Oktoba

Leo nimepika mimi. Nilipotoa konzi nikawaza neno lenyewe. Konzi ya mchele na konzi ya kichwani zina jina moja. Ya pili naistahili mimi.

Alhamisi, 22 Oktoba

Nimekwenda kwa Rokhumi. Nimekwenda mikono mitupu makusudi, asidhani nimeleta sadaka.

Alikuwa anakata ndiga. Alizichimba mwenyewe, mbali, ng'ambo ya mto, maana za karibu zimekwisha — kumbe hakuwa peke yake anayechimba! Vipande vingine vilikuwa vimelowa kijitoni siku tatu kutoa sumu, vingine vimeanikwa kwenye ungo. Aliniambia kopo halijajaa bado, leo ni Alhamisi. Nikamwambia sikufuata kopo.

Tukakaa. Mtoto wake mdogo akaja kuegemea goti langu. Mwepesi mno.

Nikamwomba radhi. Nilikuwa nimeyapanga maneno njiani, nikayasahau yote, nikasema tu kwamba nilimkosea, utani ule ulikuwa mbaya. Akasema utani ni utani, mama. Lakini kisu kilisimama, na machozi yakamtoka bila sauti. Na mimi pia. Watu wazima wawili tunalia juu ya ungo wa ndiga.

Ndani ya kopo lake mlikuwa na mchele wa kukopa tena, nusu. Nikamwambia aupike leo, ni wa watoto. Akakataa.

"Ukishaingia humu si wangu. Wewe ndiye uliyenifundisha, nilipokuwa mwali."

Kweli. Nilimfundisha. Nikamwambia basi nitamletea mwingine kutoka ghalani. Hapo akawa mkali kidogo: leo nitamletea mimi, kesho nani, na Lianhnuna akirudi akute mke wake amekuwa ombaomba? Ila watoto kula kwa jirani alikubali. Watoto wa mtaa huu tangu zamani hula walipochezea. Watakuja kwetu kila jioni. Lakini mama yao je? Mikono yake imebaki mifupa na mishipa.

Ndipo nikakumbuka kumuuliza swali ambalo mama yangu angeliuliza siku ya kwanza.

"Konzi inatoka wapi, Rokhumi?"

"Kwenye chakula ulichokwisha pima."

"Na wewe unapima nini?"

Akautazama ungo. Akanitazama. Halafu akacheka, na ni mara ya kwanza namsikia akicheka tangu mume aondoke.

"Mama, nimtilie Mungu ndiga kwenye kopo? Si zitamwasha koo!"

"Ziloweke vizuri basi," nikasema.

Nimempa masharti. Huo mchele uliomo nimeumimina mimi na kuondoka nao, ni wa kapu. Kuanzia sasa hakopi tena punje kwa ajili ya kopo. Anatenga anachokula. Na Zairemi akimletea mchele wa kupika, anaupika. Hapo akarudia kukata ndiga.

Ijumaa, 23 Oktoba

Nimekwenda kumwambia Bi Hmingliani, kwa kuwa yeye ndiye mwenyekiti na sitaki asikie kwa watu. Alikuwa anafuma. Hakuinua macho.

Akaniuliza mchele wetu unafanya kazi gani. Nikasema analishwa mama yetu mwinjilisti kule vijiji vya kusini, pamoja na wagonjwa. Akauliza kama nitampelekea mwinjilisti ndiga. Nikasema hata yeye huko aliko anakula ndiga saa hizi, tukitaka kusema kweli. Akauliza Mzee Thangkima asome nini mbele ya kanisa: mtaa wa juu, ndiga nusu debe? Watatucheka mpaka Krismasi. Tayari wanasema neno letu ni nyama ya kaa.

"Na mtaa wako utakuwa wa mwisho, Kaithuami," akasema. "Hilo umelifikiria?"

Nililifikiria. Naandika hapa kwa kuwa hakuna asomaye: liliniuma. Kuna watu wanashindia ndiga, nami naumia kwa nafasi ya kwanza! Miaka hamsini na minane, na bado mtoto.

Nikamwambia siwezi tena kumpokea mwanamke mchele ambao hautoki kwenye chakula chake. Akafuma mistari miwili mitatu. Akasema yeye hajasikia chochote, na nikitoka nifunge mlango, baridi inaingia.

Hakukataza.

Jioni Hrangchhuana ameleta kaa kumi kutoka mtoni. Alikuta mto umejaa watu, wanapindua mawe. Zairemi akawaweka chunguni, akasema mwaka huu kaa amekuwa nyama, itabidi wazee watafute methali nyingine. Tumecheka mpaka mtoto akaamka.

Jumamosi, 24 Oktoba

Andika taratibu, Kaithuami, usiruke kitu.

Nilianzia kwa Rokhumi. Kawaida namalizia kwake. Alinitolea kopo limefunikwa jani. Ndani mna vipande vya ndiga, vikavu, vyeupe, vimepangwa kama mtu apangavyo vyombo vya wageni. Nikavimimina juu ya mchele wa nyumbani kwangu, wazi, na nikamshukuru kwa sauti ileile ninayoshukuria mchele. Majirani wawili walikuwa wanapepeta uani. Nyungo zikasimama. Hakuna aliyecheka. Nilikuwa nimejiandaa kwa kicheko, nikabaki na majibu yangu mdomoni.

Nyumba ya pili, mchele. Ya tatu, mchele kidogo. Ya nne ni yule bibi harusi wa bomba la maji. Akachungulia kapuni, akasema kwa mnong'ono: kumbe inaruhusiwa? Nikamwambia unapima kwanza, halafu unatoa konzi, mengine ni ya Mungu. Akaingia ndani na kopo lake la mchele, akatoka na ndiga. Nilimuuliza ule mchele aliokuwa ananipa aliutoa wapi. Kwao, akasema. Mama yake alikuwa anauleta kwa siri, binti asiaibike ugenini. Na huyu ndiye niliyemkemea.

Nyumba nyingine tano hivyohivyo. Nyingine zilitoa mchele, na ni mchele wa kweli, najua maghala yao. Mmoja alinifungia mlango. Sawa.

Ya mwisho, nyumba ya Mzee Thangkima. Mkewe Bi Saithangi alitoka na kopo, akafunga mlango nyuma yake. Tumesoma pamoja shule ya wasichana, mimi na yeye, tumeadhibiwa pamoja. Akautazama mzigo wangu kwa muda.

"Hizi za nani?"

"Za Bwana," nikasema.

Akarudi ndani na kopo. Alikawia. Nikasikia kitu kinaburutwa. Alipotoka alikuwa na ndiga zilizofungwa kwenye jani la mgomba, akazisukumiza chini kabisa ya kapu, kama anayeficha. Nikamuuliza tangu lini. Tangu mwezi uliopita. Nikamuuliza, na mchele uliokuwa unanipa kila Jumamosi?

"Wa mbegu," akasema.

Nikakaa kwenye ngazi yake. Mbegu! Mpunga wa kupanda mwakani! Anautwanga usiku wa Ijumaa, anaujaza kopo, ili nyumba ya mzee wa kanisa isionekane haina. Mumewe anajua wanakula ndiga, anazila naye. Ya mbegu hayajui. Na mimi kila Jumapili nimekaa kwenye benchi natabasamu chini kwa chini. Ningeendelea hivyo hadi Machi, tungekula mwaka ujao kwa ajili ya nafasi ya kwanza.

Nikamuuliza imebaki kiasi gani. Akanionyesha kwa mikono. Yatosha kipande cha shamba. Nikamwambia asiiguse tena, hata nikija na kapu tupu, hata nikija na malaika.

Jumapili, 25 Oktoba

Kengele ya kwanza imelia. Naandika jikoni haraka, nimeshajitanda shuka ya kanisani.

Mzee Thangkima amekuja na debe na daftari lake kama kila Jumapili. Yuko barazani. Nilimwekea kapu mbele yake, nikafunua. Akaanza kutoa vipande, mchele huku, ndiga huku, bila haraka. Mchele haukufika nusu debe. Ndiga zilipita nusu.

Alipofika chini akakuta jani la mgomba. Akalifungua. Bi Saithangi hukata mshazari, kidole chake cha shahada hakikunjiki tangu utotoni, kila kitu anachokikata kinatoka mshazari. Mzee akashika kipande kimoja. Akakigeuza. Nikamwona amejua.

Nilidhani atanikaripia. Akauliza tu, kwa sauti ya kawaida, wala si ya puani, nyumba ngapi. Nikamwambia nane kati ya kumi na nane. Akauliza ule mchele wa kwake wa wiki zote hizi. Nikainama kuokota punje, si siri yangu. Nadhani amehesabu mwenyewe.

Daftari lake limepigwa mistari na mzee aliyemtangulia. Kila mtaa na nafasi yake, na juu limeandikwa neno moja, Mchele. Penseli ilikuwa mkononi. Akaniuliza aandike nini. Nikamwambia aandike kilichomo.

"Kuandika naweza," akasema. "Kusoma hili mbele ya watu siwezi, Kaithuami. Nimesoma mchele Jumapili zote hizi na ndiga ziko tumboni mwangu. Nani atanisikiliza?"

Nikasema basi wazee waniruhusu niseme mimi. Nilisema kabla sijafikiri. Mwanamke hajawahi kusimama pale mbele, hata mama yangu, na mabati ni yake.

Akainamia daftari, akaandika. Nikaja huku jikoni kujifanya natafuta miwani. Sijui nitaanza na neno gani. Rokhumi atakuwa benchi la tatu na watoto. Nisimtaje. Nisitaje mtu yeyote. Nianze na mama yangu? Nianze na utani wangu wa mlangoni, basi, huo ni wangu mwenyewe —

Kengele ya pili. Nimechungulia. Mzee amesimama uani. Debe amelishika mkononi, na kapu la ndiga amelibeba yeye, mgongoni, ukanda umepita kwenye paji la uso kama sisi wanawake tunavyobeba. Watu wanapita njiani wanamtazama. Hasogei. Anangoja nitangulie.